Jivu Juu ya Chumvi

Nimeamua kesi nyingi, nyingine nzito hata nikashindwa kula, lakini uamuzi ninaoujua kwa moyo mpaka leo una kurasa mbili tu na unahusu lundo la chumvi. Niliuandika kwa mkono, kwa kalamu ya kuazima kwa karani, maana umeme ulikuwa umekatika tangu asubuhi na jenereta ya mahakama ilikuwa na maradhi yake ya kila mwaka. Wenzangu wakinitembelea siku hizi huwa nawasomea. Wananicheka. Wacheke. Mtu aliyefanya kazi miaka thelathini na ushei asipate hata kitu kimoja cha kujivunia ndiye wa kuonewa huruma, si mimi.

Watu wasioijua mahakama hudhani hakimu ana rungu la kumpigia yeyote amtakaye. "Mheshimiwa, waambie polisi waache." Sentensi hiyo nimeambiwa sokoni, nimeambiwa harusini, nimeambiwa hata msibani maiti bado iko ndani. Huyu simu yake imechukuliwa na wapelelezi, yule mwanawe ameitwa kituoni kuandika maelezo, na wote wanataka niinue kidole. Jibu langu lilikuwa moja. Polisi wana kazi yao na mahakama ina yake. Mpishi akiwa bado anakoroga, huingii jikoni na kijiko chako kuonja. Kiache kiive, kiletwe mezani, hapo ndipo utasema kimekolea au hakikukolea.

Nilikuwa nalisema hilo kwa ukali, na ukali wangu ulikuwa na asili yake.

Nilianza kazi Kilwa, hakimu wa mahakama ya mwanzo, mbichi na mjuaji kuliko umri wangu. Ikaletwa kesi ya mbuzi wawili. Mlalamikaji anasema mbuzi wake amewakata sikio la kushoto, mshtakiwa anasema mbuzi ni wake na wamekatwa la kulia, na askari walikuwa bado wanazungukazunguka na maelezo yao. Mimi nikaona wananichelewesha. Jumamosi nikajifunga kanga, nikashika kikapu kama mtu anayekwenda kununua samaki, nikapita mpaka kwenye zizi nikachungulia mwenyewe. Masikio nikayaona. Jumatatu nikaketi kitini nikawa nauliza maswali kama mtu mwenye majibu mfukoni. Mshtakiwa, muuza samaki mwenye ulimi wake, akanitazama mpaka nikamaliza. Kisha akasema, "Mheshimiwa, naona na wewe ulikuwepo. Basi shuka huko uape kama wenzio, tukuhoji."

Ukumbi ulicheka, na waliokuwa nje dirishani wakacheka. Ubaya wake ni kwamba alikuwa na haki. Faili lilihamishiwa kwa hakimu mwingine, na mkubwa wangu aliniita ofisini akaniambia maneno ambayo sitayaandika hapa. Nikajiwekea mwiko tangu siku ile kwamba kisicholetwa mbele yangu sikifuati, na mwiko huo niliushika miaka yote mpaka siku ya chumvi.

Wakati huo nilikuwa nimekwisha kuhamia mahakama ya wilaya, huku pwani ya Lindi. Kaskazini ya Mchinga palikuwa na shamba la chumvi la mtu binafsi. Kazi yake ni ile ile ya mashamba yote ya chumvi: maji ya bahari yanaingizwa kwenye majaruba, jua linayanywa, wanawake wanakwangua kinachobaki na kukilundika. Lundo la mwisho wa msimu huachwa nje lijichuje maji. Mawingu yakianza kukaa asubuhi upande wa Rondo, watu wanajua mvua haiko mbali, na lundo linafunikwa makuti. Hakuna anayehitaji kuambiwa.

Mlinzi wa lundo lile alikuwa mtu wa miaka arobaini na kitu, mwembamba, mwenye maneno machache. Aliletwa mbele yangu kwa kosa la kumwibia mwajiri wake. Msimamizi wa shamba, mgeni aliyehamia mwaka ule ule kutoka bara, alikuwa amelipima lundo kwa mti siku lilipokamilika, akautia mti alama. Wiki tatu baadaye akapima tena, akakuta lundo limepungua kimo cha mkono mzima. Hapakuwa na gari lililoonekana. Hapakuwa na gunia lililokamatwa, wala mtu aliyesema amenunua. Palikuwa na mti wenye alama, na palikuwa na mlinzi, na huyo mlinzi ndiye aliyekamatwa.

Dhamana nilimpa, ila dhamana ni wadhamini. Kila mtu anayemfahamu kijijini kwao alikuwa anakula kwa shamba lile lile la chumvi, na ni nani atakayesimama mahakamani kumdhamini mtu anayeshtakiwa na tajiri wake? Hakuja mtu. Akarudi mahabusu. Lundo nalo likazungushiwa utepe wa polisi na kuwekewa bango: kielelezo, kisiguswe. Alikuwa anasubiriwa mtaalamu wa vipimo kutoka Dar es Salaam. Lini atafika, hapakuwa na aliyejua.

Siku ya kwanza ya kutajwa shauri, mwendesha mashtaka alisimama akasema, "Mheshimiwa, upelelezi haujakamilika, tunaomba tarehe nyingine." Sentensi hiyo nimeisikia mara nyingi kuliko jina langu. Nikampa siku kumi na nne. Nilimuuliza mshtakiwa kama ana neno, akatikisa kichwa.

Siku ya pili mwendesha mashtaka alisimama akasema hayo hayo. Ilikuwa mwisho wa Novemba, joto la kukaa kama ndani ya sufuria iliyofunikwa. Nilikuwa nimekwisha kuinamia faili kuandika tarehe, ndipo mwanamke mmoja akasimama kwenye benchi la nyuma.

"Mama hakimu, mvua!"

Ukumbini kwangu hakusemi mtu bila ruhusa. Hilo wilaya nzima walilijua. Nikainua kichwa. "Nani kakuruhusu kusema?"

"Hajaniruhusu mtu," akasema. "Ila mvua nayo haiombi ruhusa."

Askari wa mahakama alikuwa amekwisha kuanza kumfuata. Nilifungua mdomo niseme atolewe nje, na sijui mpaka leo kwa nini badala yake nilimuuliza yeye ni nani. Akasema ni mke wa mshtakiwa. Nikamwambia asogee mbele. Akasogea, na alipofika chini ya meza yangu, kwa mazoea tu ya malezi mema, akapiga goti kidogo na kusema, "Shikamoo." Watu wakaangua kicheko. Mimi nikaitika marahaba kwa sauti ya kusikika, maana nisingeitika, bibi yangu angefufuka.

"Haya sema. Kwa kifupi."

"Lile lundo halijafunikwa, mama. Miaka yote wakati huu lishafunikwa. Mwaka huu polisi wamesema asiguse mtu. Mvua ya kwanza ikipiga, jivu linakwenda. Ya pili ikipiga, chumvi yenyewe inarudi baharini ilikotoka. Sasa huyu atajitetea kwa kitu gani? Kalipiga jivu lundo zima kwa mkono wake, na jivu halijavunjwa. Si mwende mkatazame! Jivu ndilo shahidi wake. Hana mwingine."

Mwendesha mashtaka akasimama haraka. Alikuwa kijana msomi, mtu wa mikoa ya kaskazini, nguo zake zimenyooka hata katika joto lile. Sikuwahi kumwona akisema uongo, na hili nalisema kwa sababu yanayofuata yanaweza kumfanya aonekane mjinga. Hakuwa mjinga. Alikuwa mgeni.

"Mheshimiwa, ni kweli jivu lipo," akasema, akafunua faili lake. "Mpelelezi ameliandika. Anasema juu ya lundo kumekutwa michirizi ya jivu inayodhaniwa kuwa ya kishirikina, iliyowekwa na mshtakiwa ili wizi wake usionekane."

Baadhi ya watu walicheka tena, wengine waliguna. Mke wa mshtakiwa alijishika mdomo kwa viganja viwili. Mshtakiwa aliinamisha uso, kama mtu aliyetukaniwa mama yake na hana pa kujibia.

Na mimi nilikuwa nimekaa pale juu, mtoto wa Kimwera wa Milola, nikiwaza uwanja wa bibi yangu. Mtama ukishapurwa ulirundikwa uwanjani, na kabla ya kwenda kulala bibi alilipiga lundo kwa mgongo wa ungo mpaka likakaa sawa. Kisha alichovya kiganja kwenye jivu la jikoni, akavuta michirizi kutoka chini kwenda juu, mmoja ukipanda juu ya mwenzake. Ukichota hata konzi moja, mtama unaporomoka na mchirizi unakatika, na kuuunga huwezi, maana kila mtu na kiganja chake. Niliwahi kuchapwa kwa konzi moja ya mtama, nikabishana nusu ya siku kwamba si mimi, mpaka bibi akanishika mkono akaulaza juu ya kiraka nilichojaribu kukipaka. Hapana uganga hapo. Ni kufuli la mtu asiye na mlango. Watu wetu walioshuka kutoka bara ya Lindi kuja kufanya kazi za chumvi walishuka nalo, wakalipaka kwenye chumvi kama walivyolipaka kwenye mtama.

Kwa hiyo nilijua. Katika ukumbi ule, mwenye meza kubwa kuliko zote ndiye aliyejua kwamba maandishi ya mpelelezi yamegeuza ushahidi wa kumtoa mtu kuwa ushahidi wa kumfunga. Nikafungua mdomo. Nikamkumbuka muuza samaki wa Kilwa. Shuka huko uape kama wenzio. Nikaufunga.

Nikaahirisha mpaka saa nane mchana.

Ofisini nilivua viatu nikazunguka meza. Ninachokijua ni kitu kimoja, na ninachoruhusiwa kukijua ni kingine, na siku ile vilikuwa vinagombana. Nikisema jivu lile ni nini, nimekuwa shahidi, na kesi inaondoka mikononi mwangu kwenda kwa mtu ambaye pengine naye ataona uchawi. Nikinyamaza nikatoa siku kumi na nne kama kawaida, naacha mvua iamue. Dereva alikuwa nje na gari. Shamba la chumvi halikuwa mbali. Ningekwenda na kurudi kabla ya saa nane. Nasema kweli, nilishika mlango. Nilikaa na kitasa mkononi muda wa kutosha karani kuniuliza kama nimepotewa na kitu.

Nikarudi kitini. Vitabu vya sheria nilivyokuwa navyo vilisema mengi juu ya muda ambao mtu anaweza kusubirishwa, na kidogo sana juu ya kielelezo kinachoyeyuka. Ilibidi nifikiri mwenyewe, kwa lugha ya nyumbani. Nikajiuliza kwa nini tunasema mahakama isiingie katika upelelezi. Tunasema hivyo ili hakimu asije akamchagulia mpelelezi mtu wa kumshuku, wala swali la kuuliza, wala jibu la kuamini. Hiyo ni kazi ya mpishi na kijiko chake. Je, nikiona paa la jiko limeshika moto, nitakaa barazani nikingoja mpishi anikaribishe? Akiungua yeye na chungu chake, huko mezani nitaletewa nini nionje? Kuzuia kitu kisipotee si kumwelekeza mpelelezi. Ni kumlinda yeye pia, maana likishayeyuka lundo, polisi hawana kesi na mshtakiwa hana utetezi, na wote wawili watabaki kusimuliana hadithi za chumvi. Maji yakimwagika hayazoleki.

Nilipolipata hilo nilitulia. Nikaazima kalamu.

Saa nane nilimpa mwendesha mashtaka nafasi kwanza, na alisema vizuri, nampa haki yake. "Mheshimiwa, kwa heshima zote, mahakama ikianza kutoa maelekezo juu ya vielelezo kabla upelelezi haujakamilika, kesho kila mshtakiwa ataomba lake. Tutafika wapi?" Hofu yake ilikuwa ya kweli na niliiandika ndani ya uamuzi kama alivyoisema. Kisha nikaandika jibu langu, nikalisoma mbele ya wote: kwamba mahakama haitaingilia pale ambapo kusubiri kunamchosha mtu tu, maana uchungu wa kusubiri una dawa zake nyingine katika sheria. Itaingilia pale ambapo kusubiri kwenyewe kunaua ukweli, na ikiingia ichukue hatua ndogo kabisa inayotosha, kisha itoke.

Nikaagiza kwamba kesho yake kabla ya adhuhuri mpelelezi alipige lundo picha pande zote, alichore, na kazi hiyo ifanyike mbele ya mshtakiwa, msimamizi wa shamba na mtendaji wa kijiji, na wote watie saini. Kisha lundo lifunikwe. Na katika karatasi hizo jivu liitwe jivu. Asiandike mtu kwamba ni la kishirikina, asiandike mtu kwamba ni la kitu kingine. Michirizi mingapi, inaanzia wapi, inaishia wapi, imekatika au haikukatika, basi. Upelelezi uendelee kama kawaida.

Hapo ndipo nilipojisikia fahari ambayo bado ninayo. Bibi yangu alikuwemo katika kila mstari wa uamuzi ule, na hapakuwa na mstari hata mmoja ambao mtu angeunyooshea kidole akasema huyu mwanamke anatoa ushahidi.

Mwendesha mashtaka aliomba pingamizi lake liingie kwenye kumbukumbu, likaingia. Mke wa mshtakiwa hakunishukuru. Aliuliza tu, "Kesho asubuhi?" Nikasema ndiyo, kesho. "Haya," akasema, akajitupia kanga begani akatoka haraka, bila hata kumtazama mumewe.

Picha zilipigwa. Siku mbili baadaye mvua ikaja mchana, nikiwa nasikiliza kesi ya kugombania shamba la mikorosho. Ilipiga bati mpaka shahidi akawa anapanua mdomo hatumsikii. Nikaweka kalamu chini tukangoja. Ilinyesha kwa kishindo, maji yakapita uani mekundu, na mimi nikakaa pale juu natabasamu peke yangu kama bi harusi. Karani aliniuliza kwa ishara kuna nini. Nikamwambia, "Hakuna kitu. Mvua njema."

Mtaalamu wa vipimo alifika Desemba. Kabla yake mpelelezi alikuwa amekwenda tena shambani, safari hii akiwa na picha zake mkononi, akawauliza wanawake wanne wa majaruba michirizi ile ni nini. Kila mmoja aliulizwa peke yake na wote walisema kitu kimoja. Mpelelezi yule sikumwagiza kufanya hivyo. Alifanya mwenyewe, na ndiyo maana nasema ukimlindia mtu kazi yake ataifanya. Mtaalamu naye alifunua makuti, akapima, akauliza siku lundo lilipokamilika lilikuwa bichi kiasi gani, akaandika jambo ambalo wanawake wale wangemwambia bure: chumvi iliyotoka majini hushuka kadiri inavyojichuja, na msimamizi alikuwa amelipima lundo maji yakiwa bado yanachuruzika. Jivu lilikuwa limeshuka pamoja nalo. Pale lilipopasuka, lilipasuka kama ukuta wa udongo unavyopasuka ukikauka, bila mchirizi hata mmoja kukatwa.

Katikati ya Januari mwendesha mashtaka alisimama. Nilijua anachotaka kusema kwa namna alivyofunga kifungo cha koti. "Mheshimiwa, upande wa mashtaka hauna nia ya kuendelea na shauri hili." Akaomba kusoma sehemu ya taarifa ya mpelelezi ili iingie katika kumbukumbu, jambo ambalo hakulazimika kulifanya. Nilimheshimu kwa hilo. Alisoma taratibu: picha zilipigwa pande zote, michirizi ya jivu ilionekana kuanzia chini mpaka juu, haikuwa imekatika mahali popote. Nilikuwa namsikiliza kama mama anayesikiliza matokeo ya mtihani wa mwanawe.

Akaendelea kusoma. Mshtakiwa alirudishwa mahabusu kwa gari mara baada ya kutia saini. Lundo lilifunikwa mchana huo huo kwa makuti yaliyoletwa na mke wa mshtakiwa.

Niliinua kichwa. "Makuti ya nani?"

"Yaliletwa na mke wake, Mheshimiwa."

"Shamba halikuwa na makuti?"

Akageuka kunong'ona na mpelelezi, kisha akanijibu bila kunitazama sawasawa. Msimamizi alisema amri ya mahakama haikumtaja yeye kufunika, na mwaka ule hakuwa ameagiza makuti kwa sababu ya utepe. Askari nao walisema amri haikuwataja wao. Nikaomba faili. Nikausoma uamuzi wangu, kurasa zangu mbili, na ilikuwa kweli. Nilikuwa nimeandika nani apige picha, nani achore, nani ashuhudie, nani asaini. Kuhusu kufunika nilikuwa nimeandika kwamba lundo lifunikwe. Nani alifunike, sikuandika. Mimi niliyejisifu kwamba nimeingia jikoni kuzima moto, nilikuwa nimepiga kelele za moto nikasahau kumpa mtu ndoo.

Nikamtafuta yule mwanamke kwa macho. Alikuwa benchi lile lile la nyuma.

"Simama. Makuti yale uliyanunua?"

"Sikununua, mama hakimu."

"Uliyapata wapi?"

"Nyumbani."

"Ulikuwa na akiba?"

"Akiba ya nani?" akasema, kama vile nimeuliza neno la kitoto. "Nilishusha paa."

Mumewe alikuwa bado kizimbani, na nikamwona akigeuka mwili mzima kumtazama. Hakuwa akijua. Wiki zote zile mkewe alikuwa akimtembelea mahabusu, akimpelekea chakula, mvua ikinyesha nyumbani, na hakumwambia.

"Paa lipi?" akamuuliza, mbele yangu, sauti yake ikiwa imekauka.

"La upande wetu. La watoto nililiacha."

"Na wewe ukawa unalala wapi?"

"Kwani nilikuwa nalala?"

Nilimwachia mshtakiwa huru pale pale. Kisha nikamwambia karani aandike, nami nikawa natamka neno kwa neno ili asikosee, kwamba amri ya mahakama hii ya kulihifadhi lundo ilitekelezwa na mke wa mshtakiwa kwa paa la nyumba yake. Ndivyo ilivyoandikwa, na saini yangu iko chini yake.